Ruhusa ya Weris

Siku Ogle alipokwenda kumwambia Siyad kwamba sheria inakataza kumrekodi mtu bila ruhusa yake, alikwenda na gari la wagonjwa. Siku hiyo mafuta yalikuwepo, dereva alikuwepo, na magurudumu yote manne yalikuwa mazima. Likasimama kando ya mti wa mathenge, karibu na zizi la mbuzi, mahali pale pale lilipongojwa siku Weris, mkewe Siyad, alipokuwa akitokwa damu, na lisionekane hadi leo.

Siyad alikuwa akimnywesha maji mwanambuzi aliyefiwa na mamake. Hakuinuka.

"Assalaamu alaykum, Siyad."

"Wa alaykum salaam. Leo halijaharibika?"

Ogle akajifanya kiziwi. Ndiye msimamizi wa gari lile, mtu wa shati la kupigwa pasi na tumbo lililotangulia mbele kama askari wa doria. Akatafuta kivuli, akakosa, akasimama juani hivyo hivyo huku akijifuta jasho.

"Nasikia una sauti yangu kwenye simu."

"Kumbe unasikia vizuri. Siku ile masikio uliyaazima nani?"

"Waryaa, Siyad, sikuja kugombana. Nimekuja kukuokoa. Kumrekodi mtu bila yeye kukubali ni kosa. Iko kwenye katiba, iko kwenye sheria. Maneno ya simu ni siri ya watu wawili. Ukiyatoa mbele ya hiyo kamati ya kunichunguza, wakili wangu atakuburuta kortini mpaka uuze huyo mwanambuzi unayemnywesha."

"Ya watu wawili gani?"

"Mimi na wewe."

"Tulikuwa watatu, Ogle."

Mkubwa yule akainama, akaongea kwa sauti ya chini, sauti ya mtu anayekutakia heri.

"Nakuambia kama Mwislamu mwenzako. Unataka wanaume wa Fafi nzima wakae kitako wasikilize mkeo akilia uchungu? Hiyo ni sitara ya mtu. Mwache apumzike." Akapanda gari, likaondoka na kuacha vumbi. Wakubwa wa kwetu ndivyo walivyo: kwanza wanakutisha kwa sheria, na ukisimama imara wanakutisha kwa dini.

Siyad alibaki na chupa mkononi. Kilichomuuma si vitisho. Kilichomuuma ni kwamba lile neno la mwisho lilikuwa la kweli, na kweli ikitoka kwenye mdomo kama ule inachoma mara mbili.

Siku Weris alipopatwa na uchungu, Siyad alianza kumpigia Ogle tangu adhuhuri. Simu ya kwanza haikushikwa, ya pili haikushikwa. Iliposhikwa, Ogle alimwambia gari limekwenda Garissa kuchukua viti vya harusi na wageni. Magharibi ilipoingia Weris alikuwa ameshafunikwa shuka, na mtoto naye hakulia hata mara moja.

Ofisi ilitaka maelezo, Ogle akayaandika. Akaandika kwamba gari lilikuwa gereji, gia imekufa, na kwamba hata lingekuwepo lisingefaa kitu kwa sababu mume alichelewa kupiga simu. Neno hilo la kuchelewa ndilo lililosafiri. Lilifika Bura kwa wakwe kabla matanga hayajaisha, nalo njiani likanenepa. Mmoja akasema Siyad alikuwa amelala. Mwingine akasema alikuwa kwenye chai. Wa tatu akasema alimkataza mkewe kwenda hospitali. Watu wa Weris hawakumtukana. Waliacha tu kuja. Na wakwe wakiacha kuja kwako, heri matusi.

Siyad hakujua kama simu yake hurekodi. Aliinunua mtumba Garissa, na aliyekuwa nayo kabla yake aliiacha ikirekodi vile alivyoizoea. Ilipojaa ikakataa kupiga, akampelekea Bilan, mama mmoja anayetengeneza simu sokoni. Bilan akaibonyezabonyeza, halafu akaangua kicheko.

"Adeer, ami yangu, wewe ni polisi? Kila mtu uliyeongea naye amefungwa humu ndani."

"Amefungwa vipi?"

"Sauti zao. Zote. Nizifute upate nafasi?"

"Usifute," alisema Siyad. "Hebu angalia, siku Weris alipokufa imo?"

Ilikuwemo. Bilan aliibonyeza, akasikiliza kidogo, akaizima. Hakucheka tena na hakutaka malipo.

Hapo ndipo alipopatikana Idman, wakili msichana wa Garissa anayesaidia watu wasio na kitu. Aliandika barua, na wakubwa wa juu wakakubali kamati ikae Bura kuchunguza maneno ya Ogle. Siyad alimfuata siku mbili baada ya kutembelewa na gari la wagonjwa.

"Ogle anasema nitafungwa."

"Ogle anasema mengi," alijibu Idman. "Sikiliza, adeer. Ni kweli katiba inalinda faragha ya simu za watu. Lakini wewe hukutegesha sikio kwenye simu ya wengine, simu ilikuwa yako na wewe ndiye uliyekuwa ukiongea. Wakili wake atapinga, mimi nitajibu, kamati itaamua. Siwezi kukuapia tutashinda. Ila jambo moja lazima: isikilizwe yote. Tukikata hata kipande, watasema tumeichezea."

"Yote?"

"Mwanzo mpaka mwisho."

Siyad akatazama sakafu. Siku ile alikuwa ameiweka simu kwenye spika, juu ya mkeka, maana mikono yake ilikuwa imemshika Weris mabega. Kila alichosema Ogle kilisemwa juu ya kilio cha Weris. Na hakikuwa kilio tu. Palikuwa na maneno ambayo mwanamke huyasema kwa wakunga, ya mwili wake, ya damu yake. Weris ambaye akicheka aliziba mdomo na ncha ya shela.

"Huyu Ogle mnamtafutia ruhusa yake," alisema polepole. "Ya Weris je?"

Idman akaiweka kalamu chini. "Wallahi, adeer, sheria sijui kama inamuuliza marehemu. Labda watu wake ndio wa kuulizwa."

Watu wake. Maana yake Abshiro, mamake Weris.

Sasa mtu wa mbali hataelewa uzito wa jambo hili. Kwetu mwanamume na mama mkwe wake hawaketi mkeka mmoja. Hawali pamoja, hawatazamani usoni, wakikutana njiani mmoja huchepuka. Si chuki, ni heshima, na Siyad alikuwa ameitunza tangu alipooa. Kumbukumbu yake ya Abshiro ilikuwa ncha ya shela na sauti nyuma ya pazia. Na sasa aende kumwambia bibi yule, anayeamini mkwewe alimwacha bintiye afe: tafadhali hooyo, mama yangu, nisikilizie mwanao akifa.

Alikwenda Bura asubuhi. Alipiga hodi, akajitaja. Baada ya muda pazia la mlango likateremshwa, na mkono ukasukuma kigoda nje. Hiyo ilikuwa karibu yake.

"Unataka nini?" sauti ikauliza.

"Hooyo, nimekuja kuomba ruhusa."

"Ya kuoa? Hiyo huiombi kwangu."

"Siyo ya kuoa." Akalimeza lile dongo, likashuka kama mwiba. Akaeleza: simu, kamati, Ogle, sauti. Alieleza vibaya, akirudi nyuma na kuruka mbele kama mtu anayefukuza kuku.

"Unasema mwanangu yumo humo?"

"Yumo."

"Anasema?"

"Anasema. Na analia."

"Lete."

Akaibonyeza simu, akaipitisha chini ya pazia bila kuangalia. Kisha akainuka, akaenda kusimama kwenye uzio, maana hakuwa na nguvu ya kuisikia. Hata hivyo ilimfikia. Kwanza sauti yake mwenyewe, nyembamba, ikibembeleza: mkubwa, nakupigia tangu adhuhuri, nisaidie. Kisha Ogle. Kisha Weris. Siyad akashika mti wa uzio mpaka kiganja kikamuuma.

Ikaisha. Halafu Abshiro akasema, "Irudishe."

Akarudi, akanyoosha mkono chini ya pazia, akabonyeza, akaenda tena uzioni. Ikaisha. "Irudishe," akasema tena bibi. Mara ya tatu Siyad hakwenda popote. Alikaa pale pale kwenye kigoda, kichwa magotini, akisikia nyuma ya kitambaa midomo ya mama mkwe wake ikitikisika pamoja na maneno, kama mtoto wa chuo cha Kurani anayefuata aya.

"Kwa hiyo ulipiga," alisema Abshiro mwishowe.

"Nilipiga, hooyo."

"Tangu adhuhuri."

"Tangu adhuhuri."

"Mimi nilipomzaa huyu niliuma kitambaa, wanaume wa boma wasinisikie. Nikamfundisha na yeye aume. Hii sauti haitatoka mbele ya wanaume, Siyad. Sikupi ruhusa. Hata wakinipa ngamia wote wa Fafi."

Siyad aliitikia kwa kichwa, ingawa bibi hakumwona. Alikuwa ametembea na swali hilo mpaka likamchosha, na jibu alilijua tangu nyumbani.

"Nimesikia, hooyo. Basi haitatoka. Mimi watu watanisema wanavyonisema."

"Hiyo kamati inakaa lini?"

"Alhamisi."

"Chukua simu yako."

Idman alipoambiwa, alishika kichwa kwa mikono miwili.

"Adeer, bila rekodi tuna nini? Neno lako na neno la Ogle. Yeye ana karatasi yenye muhuri, wewe una nini?"

"Nina mbuzi," alisema Siyad, na msichana yule, japo alikuwa na hasira, akashindwa kuzuia kicheko.

"Angalau nenda ukajieleze," alisema.

"Nitakwenda. Kukaa mbele ya wakubwa nikiambiwa nimekosea, hiyo kazi naiweza."

Alhamisi ukumbi ulijaa. Wakubwa walikuwa wamechelewa, nani awaulize kwa nini wamechelewa? Waliketi nyuma ya meza yenye kitambaa na chupa za maji, feni ikiwapepea wao tu. Wanaume walikaa mbele, wanawake nyuma karibu na mlango. Ogle alikaa na wakili wake, mtu wa tai nyekundu, ambaye hata kabla ya dua kuisha alishasimama mara mbili kupinga.

"Mwenyekiti, mteja wangu hakuombwa ruhusa, hakujulishwa, hakukubali. Sauti hiyo isiletwe hapa."

Idman akajibu, wakavutana. Ilikuwa sheria kwa sheria, kifungu kwa kifungu, na Siyad akaacha kufuata. Aliona tu jinsi watu wenye elimu wanavyoweza kumzungumzia Ogle nusu saa nzima, kama ameumizwa, kama sauti yake ni yai, na jina la Weris halijatajwa hata kidogo.

Mwenyekiti akainua mkono. "Kabla sijaamua. Bwana Siyad, hiyo rekodi unayo?"

"Ninayo."

"Unaitoa?"

"Siitoi."

Ukumbi ukavuma. Ogle akamgeukia wakili wake, na tabasamu likamtambaa kama siafu.

"Kwa sababu ya sheria?" aliuliza mwenyekiti.

"Sheria yenu siijui, mkubwa. Mke wangu yumo ndani yake, na watu wake wamekataa."

"Basi mwenyekiti," wakili wa Ogle akadakia, "hakuna ushahidi. Kuna maelezo rasmi ya ofisi: gari bovu, mume amechelewa. Tufunge."

Hapo ndipo sauti ilipotoka nyuma, karibu na mlango.

"Siyad akasema: mkubwa, nakupigia tangu adhuhuri, nisaidie."

Vichwa vyote vikageuka. Abshiro alikuwa amesimama kati ya wanawake, shela imemfunika mpaka puani, macho yamefumba. Siyad aligeuka na wengine, kisha akakumbuka adabu, akatazama mbele. Hakuwahi kumsikia mama yule akitaja jina lake mbele ya watu.

Wageni hawakumjua, lakini wa Bura walimjua. Zamani, visimani, watu wakishindana kwa mashairi, Abshiro ndiye aliyekuwa akitumwa kusikiliza. Shairi alilolisikia leo kisimani, kesho angelifikisha Habaswein bila neno kuanguka. Watu walimwamini kuliko karatasi, maana karatasi mbuzi hula.

"Ogle akasema: wewe nani? Siyad akasema: mimi Siyad, mke wangu anazaa, damu haisimami. Ogle akasema: gari halipo, limekwenda Garissa kuchukua viti vya harusi na wageni. Siyad akasema: mkubwa, lirudishe, wallahi anakufa. Ogle akasema: nitarudishaje wageni wa watu? Mwambie avumilie, wanawake wote wanazaa."

Alisema bila kulia, bila kupandisha sauti. Kilio chote cha siku ile alikiacha nje. Maneno ya mwili aliyaacha. Alichobakiza ni mifupa mitupu, mmoja baada ya mwingine.

"Ninapinga!" Wakili alikuwa wima, Kiingereza kikimtoka. "Haya yametoka kwenye rekodi ile ile! Bibi huyu hakuwepo!"

Karani akamtafsiria Abshiro. Bibi akafungua macho.

"Mimi sikumrekodi mtu," alisema. "Nimesikia. Sasa masikio niliyopewa na Mungu yaombe ruhusa kwa Ogle?"

Wanawake wakaguna. Mzee mmoja mbele akasema, "Wallahi, mjibuni." Mwenyekiti akagonga meza, akamgeukia Ogle.

"Bwana Ogle. Mama anasema ulisema haya. Unakana? Ukikana, itabidi nirudi kwenye lile swali la rekodi, nimbembeleze huyu mwanamume upya. Ukikubali, hatuihitaji. Sema."

Ogle akamtazama wakili. Wakili akamnong'oneza, na mnong'ono ulikuwa mrefu. Ogle akasimama, akakohoa, akajifuta jasho na safari hii hakukuwa na jua.

"Mwenyekiti, sikumbuki."

"Hukumbuki kama gari lilikuwa gereji au harusini?"

"Sikumbuki vizuri."

"Kwenye maelezo ulikumbuka."

Ogle akakaa. Mtu mmoja nyuma akacheka kwa pua. Siyad alingoja furaha imjie, haikuja. Aliwatazama wale wakubwa mezani, akajua watakavyofanya: Ogle atahamishwa, huko aendako atapewa gari jingine asimamie, na watu wa huko ndio watakaomjua. Weris hatapandishwa cheo wala kuhamishwa. Lakini kwenye safu ya mbele, walikokaa wajomba wa Weris, mmoja wao aligeuka akamtazama, akasogea kwenye benchi, akaacha nafasi. Siyad akaenda, akakaa.

"Mama," alisema mwenyekiti, sasa kwa upole, "karani hakuwahi kuandika. Unaweza kurudia, polepole?"

Siyad akafumba macho. Alitamani kusema inatosha, mara ngapi mtu afiwe na mke yule yule? Abshiro alikuwa ameanza. Siyad akasema. Ogle akasema. Hakukosea neno, hakuongeza, na kalamu ya karani ikamfuata ikikwaruza. Alipofika kwenye viti vya harusi akasimama kidogo ili karani, kijana wa watu, aandike vizuri. Kisha akafika mahali ambapo mara ya kwanza wakili alimkatiza.

"Weris akasema: Ogle, mimi Weris binti Abshiro. Unanisikia?"

Karani akaandika. Akangoja, kalamu juu.

"Halafu, mama? Ogle akasema nini?"

"Hakusema," alijibu Abshiro. "Alikata simu."